Leteni Maiti wa Kwenu

Fruma Zelikman alikuta mlango wa chumba cha kupasulia maiti, pale chuo cha udaktari, umezibwa tena. Vijana wanne wa chama cha wanafunzi, kofia zao za kijani zimekaa upande, walikuwa wameegemea kizingiti na fimbo mikononi. Bawabu Walenty alikaa kwenye kigoda chake hapohapo, akila mkate uliopakwa mafuta ya nguruwe, kama mtu asiyehusika.

"Mmeleta?" aliuliza bila kumtazama.

"Bado."

"Basi na kuingia bado."

Kisa hicho kilianza theluji ya kwanza ilipoanguka. Vijana wa chama waligundua kwamba maiti wote waliolala kwenye meza za mawe ni Wakristo, maskini wa hospitali wasio na ndugu, na kwamba wanafunzi wa Kiyahudi wanawapasua kama wengine. Ikawa nongwa. Wayahudi wanajifunzia kwa watu wetu na wa kwao wanawaficha, walisema. Hapo hawakukosea sana, maana kwa Wayahudi wa mji ule maiti huzikwa mzima, tena upesi, na Chama cha Mazishi hakikuwa tayari kumtoa hata mmoja. Mkuu wa kitivo, mtu asiyependa kelele, akatoa amri kwamba kila watu wakate wa kwao. Kelele zikaisha, na wanafunzi wa Kiyahudi wakabaki nje kwenye ukumbi, na aproni zao kwapani.

Baadhi ya wenzake Fruma walikuwa wameshakata tamaa. Mmoja alikwenda Italia, mwingine alikuwa anauza vitambaa dukani kwa baba yake. Leo, ikifika jioni, orodha ya wenye meza ya kupasulia ingefungwa, na asiye na meza angepoteza mwaka. Mama yake Fruma alishona vifungo mpaka macho yakaharibika ili binti yake awe daktari. Mwaka mwingine haukuwapo.

"Fruma," aliita Zbyszek, mkubwa wao pale mlangoni, "kwa nini usilale mwenyewe mezani? Tutakupasua polepole."

"Kwa mkono wako ule, Zbyszek, hata maiti angekufa mara ya pili."

Wenzake walicheka, kwa sababu Zbyszek alikuwa amefeli mtihani wa mifupa. Yeye hakucheka. Aligonga fimbo sakafuni, na Fruma akageuka aende zake.

Kwenye ngazi alikutana na Daktari Kulesza, msaidizi wa profesa. Alikuwa mtu mpole, ndevu zake safi, na mfukoni mwa koti hakukosa chombo cha chuma chenye miguu miwili iliyopinda. Alikuwa anapima vichwa vya askari, wafungwa na wanafunzi kwa ajili ya kitabu kikubwa juu ya mbari za mashariki.

"Binti Zelikman, nakuomba tangu mwaka jana. Ukae kwenye kiti changu kidogo tu. Nami nitaongea na profesa juu ya meza."

"Kichwa changu nakitumia, daktari."

"Sikichukui. Nakipima tu."

"Ukishakipima utasema nini?"

"Namba ndizo zitakazosema."

"Na wale walioko mlangoni, namba zao zilisema nini?"

"Wale ni safi kabisa," alisema Kulesza kwa moyo mweupe, akapanda ngazi.

Mjomba Nosn, kaka wa mama yake, ndiye aliyekuwa mkuu wa Chama cha Mazishi. Kazi yake ya kula ilikuwa kukata vioo vya madirisha, lakini asubuhi hiyo Fruma alimkuta kwenye nyumba ya kuoshea maiti kando ya makaburi, anachochea jiko ili maji yapate moto. Wanawake waoshaji walikuwa wanasubiri katika chumba cha pili.

"Umekula, mjomba?"

"Usinizunguke. Jibu ni lile la jana."

"Jana hukujibu. Ulikohoa tu."

"Ndilo jibu lenyewe."

Fruma akaketi juu ya gogo la kuni. Alikuwa amejiandaa kusema kwa adabu, lakini njiani adabu yote ilimwishia.

"Yule daktari aliyekupasua ngiri, mjomba, alijifunzia wapi?"

"Nitajuaje mimi?"

"Alijifunzia kwa maiti. Mkristo fulani maskini, hana mbele wala nyuma, hakuna aliyemuuliza kama anataka. Leo unabeba vioo mgongoni kwa sababu yake."

"Sikumpasua mimi."

"Hapana. Wewe ulipona tu."

Nosn aliacha kuchochea. Alitazama moto, na alipozungumza sauti yake ilikuwa ya mtu anayetoa kitu alichokuwa amekificha.

"Tsipe amefariki usiku. Kule nyumba ya maskini."

Fruma alimjua Tsipe, nani asiyemjua. Alikuwa mjane aliyeuza njegere za moto kwenye geti la chuo, kikapu mapajani na mitandio mitatu kichwani, akiwagombeza wanafunzi wanaokula bila kutafuna. Alipougua, Fruma alimpelekea supu.

"Alisema jambo mbele ya wanawake," Nosn aliendelea. "Alisema, mwili wangu mpeni yule binti wa mshona vifungo. Nimewalisha wale watoto nikiwa mzima, sioni kwa nini niwanyime sasa. Hivyo ndivyo alivyosema, mpumbavu wa Mungu. Na wosia unaopingana na sheria ya dini haumfungi mtu. Nilitaka nimzike kabla hujasikia."

Fruma aliona furaha kwanza, na kwa sababu furaha ilitangulia, akaona aibu. Akafunika uso kwa mikono akalia.

"Sasa unalia nini? Si ndicho ulichokitaka?"

"Ndicho."

Nosn akanawa mikono, akaikausha kwa aproni, kidole kimoja kimoja. Alionekana mzee kuliko jana.

"Sikiliza. Kila kitakachokatwa kirudi kaburini, hata unywele. Na kabla ya kisu umwombe msamaha kwa jina lake na la baba yake, kama sisi tunavyoomba kabla hatujamwosha. Ni Tsipe binti Hershl. Usipofanya hivyo, mlango wangu usiujue tena. Dhambi nyingine nitaijibu mimi."

Wakamfunga Tsipe sanda, wakamweka kwenye mkokoteni. Fruma alisukuma kwa nyuma mpaka ukumbini, kupitia mlango wa uani wa chuo. Baridi ilikuwa kali kiasi kwamba hakuna aliyezungumzia dawa ya kuhifadhia.

Walenty alifunua sanda usoni, akainua kope moja, akakunja uso.

"Macho ya bluu. Pua kama kiazi. Huyu ni shangazi yangu kabisa."

Vijana wakasogea. Zbyszek, ambaye alikula njegere za bibi huyo tangu siku yake ya kwanza chuoni, alimtazama asimtambue.

"Huyu si wa kwao. Wamemwiba hospitalini."

"Ni Tsipe wa njegere," alisema Fruma. "Alikuwa anakuita mkondefu."

Zbyszek aliangalia tena. Kitu kilipita usoni mwake, akakimeza. "Mimi simjui," alisema.

Ikabidi Kulesza aitwe. Alikuja na chombo chake, akakiweka juu ya paji la uso la Tsipe, kisha juu ya mashavu, akitaja namba kwa sauti ya chini. Akatikisa kichwa kwa masikitiko ya kweli.

"Kichwa cha mviringo, macho ya bluu, taya pana. Kisayansi huyu ni mkulima wa kaskazini. Siwezi kumwandika Myahudi."

"Amekuwa Myahudi maisha yake yote."

"Hiyo ni habari ya dini, binti Zelikman. Mimi nashughulika na mifupa."

"Kama mifupa haina dini, basi niruhusuni meza yoyote."

Kulesza alitabasamu kama mwalimu mbele ya mtoto mjanja.

"Kama si wa kwao ni wa kwetu," alisema Zbyszek. "Aende meza yetu."

Wawili wakashika mkokoteni. Fruma naye alishika upande wake akavuta. Hakuwa anawaza tena juu ya mwaka. Aliwaza kwamba watamkata bila kumwomba neno, na mabaki yake watayatupa kwenye ndoo pamoja na ya wengine, na mjomba ataambiwa nini.

"Labda ipo njia," Kulesza alisema taratibu. "Ningekuwa na vipimo vya Myahudi wa hakika wa mji huu, mwanamke, ningeweza kulinganisha."

Kiti cha Kulesza cha kupimia kilikuwa palepale ukumbini, kando ya dirisha. Fruma alikitazama. Kisha akaachia mkokoteni, akavua skafu, akaketi.

Chuma kilikuwa cha baridi. Kulesza alimshika kidevu, akamgeuza huku na kule, akainua nywele zake apate sikio, akapima pua kwa juu na kwa upande. Alikuwa mpole mno, na Fruma alimchukia kwa upole huo kuliko alivyowachukia wenye fimbo. Vijana walitazama wote bila kufanya mzaha. Fruma alitazama nyayo za Tsipe zilizochungulia kwenye sanda, zilizopasuka kwa baridi ya getini.

"Ajabu," alisema Kulesza. "Ni karibu sawa na huyu bibi."

"Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo aina ya Kiyahudi ya mji huu ni pana kuliko nilivyodhani. Itabidi sura moja ya kitabu niiandike upya." Alikuwa amefurahi. "Huyu ni Myahudi. Mpelekeni meza ya mwisho."

Fruma alivaa aproni yake. Chumbani mlikuwa na mwanga hafifu wa alasiri na harufu ya dawa, na vijana wa chama walikuwa wamesharudi kwenye meza yao, iliyokuwa jirani, ambako alilala mwanamume mwembamba mwenye ndevu nyeupe. Kisu cha Fruma kilikuwa tayari mkononi. Akakiweka chini.

"Tsipe binti Hershl," alisema, si kwa kunong'ona, "tunakuomba msamaha. Lolote nitakalokutendea leo na kesho ni kwa ajili ya wanaougua. Kama nakuvunjia heshima, nisamehe. Na nisamehe kwamba nilifurahi."

Walenty mlangoni alivua kofia, akaona anaangaliwa, akairudisha.

"Umemaliza sala yako?" aliuliza Zbyszek.

"Nimemaliza. Na huyu wenu anaitwa nani?"

Zbyszek alimtazama mzee aliyelala mbele yake, ambaye kifua chake kilikuwa kimefunguliwa tangu wiki iliyopita. Akawatazama wenzake. Mmoja wao aliinua mguu wa maiti akasoma kibao kilichofungwa kwenye kidole.

"Kumi na saba," alisema.