Jina Alilolichagua Lewin

Asubuhi ya siku ya arobaini na mbili tangu azaliwe, mwanangu alikuwa bado hana jina. Baba alikuwa amekaa kwenye meza ya jikoni akinoa kisu chake cha kukatia fito, ingawa kisu chenyewe kilikuwa kikali tangu juzi.

"Ni leo alasiri, Baba," nilisema. "Msajili ametupangia saa tisa na nusu, na leo ndiyo siku ya mwisho kisheria."

"Basi mwiteni Stanley."

"Hatutaki Stanley."

"Herbert, basi. Au mwiteni jina la yule mbwa wa jirani, nitalizoea." Alipitisha kisu kwenye jiwe. "Lakini si hilo lako."

Mume wangu Ellis alikuwa kwenye sinki akisuuza chupa za maziwa. Aliongeza maji ya bomba ili asisikie. Yeye ni mtu wa Bristol, na katika miaka sita ya ndoa yetu amejifunza kwamba akina Vearncombe wakianza kubishana, mgeni hutafuta vyombo vya kuosha.

"Hilo langu lina jina," nilisema. "Ni Alder."

Kisu kikasimama.

"Tabitha." Baba huniita Tab, Tabitha ni ya siku za hasira. "Unataka nimwite mjukuu wangu kwa jina la mti uliomuua mwanangu. Njoo ule, Alder. Vua viatu, Alder. Kila siku, mpaka nife. Ndilo unaloniomba?"

Ndilo hasa nililokuwa nikiomba.

Alder ni mti wa mabonde yetu ya Somerset, na hauna sifa kubwa. Hauna maua ya kumfanya mtu asimame njiani, wala hakuna fundi anayejivunia meza yake. Unachoweza ni kusimama ndani ya maji. Majira ya baridi mafuriko yanapofunika malisho, na miti mingine inaanza kufa mizizi, alder umesimama tu, miguu imelowa, kana kwamba hakuna kilichotokea. Kaka yangu Lewin aliupenda tangu akiwa mdogo. Siku moja baani alitangaza kwamba mtoto wake wa kwanza wa kiume ataitwa Alder, mtoto asiyelalamika akilowa. Hakuna mtu kwetu aliyewahi kuitwa hivyo, kwa hiyo walimcheka mpaka pombe ya tufaha ikawatoka puani.

"Na wa pili utamwita Tope?" mmoja akamuuliza.

"Tope ni jina lako," Lewin akajibu. "Siwezi kukuibia."

Akiwa na miaka kumi na minane alijenga daraja la kuvushia ng'ombe juu ya mfereji wetu mkubwa. Nguzo sita alizikata mwenyewe kwenye miti ya alder iliyo nyuma ya nyumba. Mti huo ukipasuliwa huwa mweupe, kisha baada ya muda mfupi hugeuka mwekundu kama nyama, na nakumbuka Baba akirudi nyuma pale uani, akisema hataki kwenye shamba lake mti unaotoka damu. Lewin alicheka, akazipigilia nguzo zake kwenye matope. Miaka minne baadaye, mwezi wa Novemba, daraja lilivunjika akiwa juu yake na trekta.

Watu walituletea mikate na supu, na kwa sauti ya upole wakasema kwamba maskini, kijana alichagua mbao mbaya. Baba aliwaamini. Kwa miaka kumi na mmoja aliwaamini. Aliuza ng'ombe, akafunga lango la maji, akakataza mtu yeyote kugusa mabaki ya nguzo zile chini ya maji. Jina la Lewin halikutajwa tena mezani kwetu, kwa sababu kulitaja ilikuwa ni kumlaumu. Mimi nilitaka litajwe. Sikuona njia nyingine zaidi ya mtoto huyu.

Saa nne tulisikia muungurumo barabarani. Ilikuwa siku ambayo mamlaka ya mifereji iliamuru mabaki yang'olewe kabla ya mvua za baridi, na mtu waliyemtuma ni Royce Keirle, jirani yetu, na mtambo wake wa kuchimbia. Royce huita kila mtu mpenzi, hata ng'ombe, hata kasisi.

"Habari za asubuhi, mpenzi!" alimpigia Baba kelele kutoka juu ya mtambo. "Utabiri unasema kesho mvua. Ni leo au mwakani!"

Baba alivaa gambuti zake akatoka. Hakuwa tayari kuona mtu mwingine akizing'oa nguzo zile yeye hayupo. Nikamfunga mtoto kifuani kwangu nikamfuata, maana maneno yetu yalikuwa hayajaisha.

Royce alifungua lango la maji kwanza, ili mfereji upungue. Lango lile lilikuwa halijafunguliwa tangu msiba. Maji yalianza kushuka polepole, yakiacha utelezi wa kijani kwenye ukuta wa matofali, na sisi tukangoja. Mtoto alinyonya kidole changu. Baba alisimama ukingoni, mikono mfukoni.

"Baba, yeye alilichagua jina hili kabla ya daraja lolote kuwepo."

"Na alichagua nguzo pia. Unaona alivyokuwa akichagua."

Nilitaka kumjibu vibaya. Kisha Royce akaangua kicheko, akamwita Baba kwa jina.

"Hedley! Mstari wako huo! Bado upo!"

Kwenye ukuta wa lango, chini ya mahali maji yalipozoea kuishia, karibu urefu wa mkono mzima, ulitokea mstari mweupe wa rangi. Baba ndiye aliyeuchora. Bondeni kwetu huwa na mashindano ya mfereji safi, na watu huyachukulia kwa uzito kuliko uchaguzi wa bunge. Kila kiangazi Baba alikuwa akishusha maji mpaka kwenye mstari ule na kuyaacha hapo miezi mitatu, ili aweze kuingia na fyekeo na kukata majani ya kingo mpaka kwenye shina. Alishinda miaka minne mfululizo. Ngao ya ushindi ingali juu ya jiko letu, jina lake likiwa limechongwa mara nne.

"Mfereji wako ulikuwa safi kama sahani," Royce alisema. "Mke wangu alikuwa akinisimanga nao."

Maji yaliendelea kushuka, na ndipo vikatokea vichwa vya nguzo. Kimoja, kisha viwili, kisha vyote sita karibu kwa pamoja.

"Tazama, mpenzi," Royce akaniambia. "Zimekatika mahali pamoja zote, kama zilizopimwa kwa kamba."

Alifunga mnyororo kwenye nguzo ya kwanza akaivuta. Matope yaliing'ang'ania, kisha yakaiachia kwa sauti ya kufyonza, na nguzo ikalazwa kwenye majani. Ilikuwa nyeusi na ndefu kuliko Baba. Royce alishuka na nyundo akaipiga. Nyundo iliruka.

"Hii?" Alipiga tena, safari hii kwa nguvu. "Hii ndiyo mbao mbovu? Hii ingebeba kanisa, na kengele zake!"

Nilitazama kichwa cha nguzo, pale ilipokatika. Hapo tu ilikuwa laini, imechambuka nyuzi kama mkate uliolowekwa. Nikatazama nguzo tano zilizobaki mferejini, nikafuata vichwa vyao kwa macho mpaka kwenye ukuta wa lango. Vilikuwa sawa na mstari mweupe.

Nilisomea misitu chuo kikuu. Nilikaa darasani nikaandika kwa mkono wangu kwamba mti wa alder ukikaa majini daima unaweza kudumu mamia ya miaka, lakini ukilowa na kukauka, ukilowa na kukauka, huoza katika miaka michache. Niliandika hayo, nikafanya mtihani, nikafaulu. Haikunijia hata mara moja kufikiria ngao iliyo juu ya jiko letu, wala nguzo zilizokaushwa kila kiangazi ili ipatikane.

Nilimkumbatia mtoto kwa nguvu mpaka akaamka. Jibu lilikuwa mkononi mwangu. Lewin hakukosea. Mti haukumuua. Kama ningesema maneno hayo mawili, hakuna mtu duniani angeweza kulikataa jina lile. Lakini nisingeweza kuyasema bila kusema na la tatu. Baba alikuwa amesimama hatua tatu kutoka kwangu, ana miaka sitini na minane, na mpaka dakika ile alidhani alifiwa tu.

"Baba," nilisema. "Turudi nyumbani. Baridi itamdhuru mtoto. Nimefikiri upya. Tumwite Stanley."

Alikuwa akitazama ukuta. Kisha akateremka mferejini, matope yakimfika magotini, akashika kichwa cha nguzo iliyo karibu. Kipande kilimmomonyokea kiganjani. Akapeleka mkono chini zaidi, ndani ya maji, akaibana nguzo kwa vidole kama mtu anayempima ng'ombe mguu. Royce alinitazama, nami nikatikisa kichwa asiseme kitu, na Royce Keirle, kwa mara ya kwanza tangu nimjue, hakusema kitu.

Baba alipopanda alinipita bila kunitazama.

"Ni saa ngapi?"

"Imekaribia saa sita."

"Nitaendesha mimi," alisema.

Alikaa ghalani mpaka tulipomwita. Hakula. Tuliondoka saa nane na nusu, Baba kwenye usukani bado na gambuti zake zenye matope, mimi kando yake, Ellis nyuma na mtoto. Hakuna aliyejua kama Baba anatupeleka kuandikisha jina au anatupeleka tu. Mvua haikungoja kesho. Vioo vilijaa mvuke. Mjini ni mwendo wa nusu saa, lakini alikuwa akienda polepole mno, na tulipofika karibu na mti wa kwanza wa alder baada ya daraja la mawe, aliegesha gari pembeni akazima injini.

"Aliniambia," alisema.

"Nani?"

"Lewin. Kiangazi cha pili. Alikuja mferejini akanikuta nakata majani. Akaniambia, Baba, nguzo zangu zinataka kulowa, usizikaushe miguu." Mikono yake ilikuwa bado kwenye usukani. "Nikamwambia mbao ni mbao. Nikamwambia mimi nimekata fito kabla hajazaliwa. Akasema sawa. Akaniletea chai."

Kifuta kioo kilikuwa kimesimama katikati. Nilisikia mvua juu ya bati la gari na pumzi za Ellis nyuma.

"Miaka kumi na mmoja nimewaacha watu waseme ni yeye. Nami nilisema. Nilisema mbele ya mama yenu, na mama yenu akafa akiamini hivyo."

"Baba, hukuwa unajua."

"Niliambiwa. Kuambiwa si sawa na kutojua." Akageuka, akanitazama kwa mara ya kwanza siku ile. "Wewe uliona. Pale mferejini. Uliona kabla yangu."

"Niliona."

"Ukaniambia Stanley."

"Ndiyo."

"Ulikuwa tayari kumpa mtoto Stanley, ili mimi nisijue."

Alipapasa mfukoni akatoa leso, akanipa mimi, ingawa yeye ndiye aliyekuwa akiihitaji.

"Ni jina baya sana," alisema. "La mjomba wangu. Alikuwa mtu mchafu."

Sijui kama kilichonitoka kilikuwa kicheko. Kutoka nyuma Ellis alikohoa. "Hedley, samahani. Ni saa tisa na dakika kumi na nane."

Baba akawasha gari. Sijawahi kumwona akiendesha vile, wala sitaki kumwona tena.

Tulimkuta msajili anafunga dirisha. Alikuwa mwanamke mwenye miwani iliyoning'inia kwenye mnyororo, na alituangalia tulivyo, tumelowa, mmoja amebeba mtoto anayelia, mwingine anaacha alama za matope kwenye zulia lake. Tulikuwa tumechelewa dakika saba. Alitazama saa, akatazama gambuti, akawasha tena kompyuta yake.

Aliuliza tarehe na mahali pa kuzaliwa, akauliza majina yetu, Ellis akajibu yote.

"Na jina la mtoto?"

Ellis akanitazama. Nami nilijua jina, nilikuwa nimelibeba miezi tisa na siku arobaini na mbili, lakini sikuweza kufungua mdomo. Nilimtazama Baba. Kama angetikisa kichwa hata kidogo ningesema Stanley, na ningelisema kwa upendo.

Baba alivua kofia.

"Alder," alisema. Kisha akarudia, jina zima. "Alder Vearncombe Pask."

Msajili aliandika. "Nimekaa kiti hiki miaka kumi na tisa sijapata kuliandika," alisema. "Ni la familia?"

"Mjomba wake ndiye aliyelichagua," Baba akasema. "Alikuwa anajua mbao."