Herufi za Dhahabu Usoni pa Mama

Watu walimwita Madoido, na jina lilimkaa vizuri kuliko suti. Kazi yake ilikuwa kuhariri video za sherehe na misiba, na kwa miaka thelathini hakuwahi kuiacha picha ipumue. Alianza na mashine iliyoandika herufi nyeupe chini ya picha, herufi tulivu zisizomsumbua mtu. Zikafuata herufi za kuruka. Kisha ikaja kompyuta na plagini zake, vile vijiprogramu vya kuongezea mbwembwe, na hapo ndipo mtu wetu alipopandwa na mashetani. Kila iliyotoka aliinunua, na kila aliyoinunua aliitumia siku hiyohiyo, iwe harusi au maziko. Ile ya moto ilipotoka, kazi iliyokuwa mezani ilikuwa ya msiba. Jina la marehemu likawaka ndimi za moto mbele ya ukoo mzima, na shemeji mmoja akauliza kwa upole kama fundi amepata habari zozote kutoka huko aliko marehemu. Madoido alidhani anasifiwa.

Basi Jumatatu moja dada yake mkubwa akaingia studio, chumba chenye skrini mbili, feni moja na zulia lililotundikwa ukutani kuzuia mwangwi. Binti yake alikuwa anaolewa Jumamosi.

"Mdogo wangu, nataka kile kipande cha mama kwenye harusi yangu, aliposimama akanipa baraka. Mwanangu hajawahi kumwona bibi yake akiongea."

Mama yao alifariki mwaka mmoja baada ya harusi hiyo. Kamera alikuwa akizikimbia. Picha pekee iliyobaki ilikuwa ya kitambulisho, amekodoa macho kama mtu aliyekamatwa. Nje ya hiyo, palikuwa na dakika ile moja tu.

"Kazi ndogo hiyo," alisema Madoido, akaifungua video hiyo.

Mama akasimama, akashika kitambaa chake, akafungua kinywa. Papo hapo herufi za dhahabu zikaruka kutoka kona nne, zikazunguka mara tatu, zikatua usoni pake: UHARIRI NA UBUNIFU, MADOIDO. Zikameremeta hapohapo mpaka mama alipoketi.

"Haya, yatoe maandishi," alisema dada.

"Hayatoki, dada. Zamani ukishamaliza yanaganda ndani ya picha. Kanda ya mwanzo unaifuta, unarekodia harusi nyingine."

"Na kwa nini usoni? Si ungeweka chini?"

"Chini palikuwa na maua ya mezani. Yasingeonekana vizuri."

Dada akaigeukia tena skrini. "Kwa hiyo ulimfuta mama." Hakusema kwa ukali, na ndiyo maana maneno yalimwingia. Madoido aliona aibu, ile ya kweli inayochoma masikio, na haikuwa kitu alichokizoea.

Lakini Madoido ni Madoido. Jioni hiyohiyo akagundua kwamba imetoka plagini ya kufuta maandishi kwenye picha. Wale wale waliomuuzia miaka yote vitu vya kubandika, sasa walikuwa wanamuuzia cha kubandua, naye akawashukuru. Alikesha nayo hadi Ijumaa asubuhi, akampigia dada simu aje kuona.

Herufi zilikuwa zimetoweka. Mama alisimama na uso mkunjufu wa furaha, ngozi laini, akabariki huku akitabasamu kwa meno yaliyopangika sawasawa.

Dada akasogea karibu na skrini. "Mama alikuwa na pengo," alisema. "Hapa mbele. Na siku ile alikuwa akilia."

"Inakisia, dada. Pasipo na kitu inajazia."

"Kwa hiyo huyu ni nani?"

Madoido alitaka kubisha. Akajaribu kuuvuta uso wa mama wa siku ile, pengo, machozi, chochote. Kipande hicho alikuwa amewaonyesha wateja mamia ya mara kama mfano wa ufundi wake, na sasa kila alipomtafuta mama kichwani aliona dhahabu ikizunguka. Akamwambia dada hivyohivyo, kwa sauti ndogo, kwamba yeye pia hakumbuki.

Dada akachukua mkoba wake.

"Rudisha maandishi yako," alisema. "Nyuma yake angalau yupo mama."