Kicheko cha Kerubo

Kerubo alikuwa mlinzi wa mlangoni katika ukumbi mdogo wa hoteli moja huko West Bay, nchini Qatar. Mwezi ule palikuwa na maonyesho ya filamu fupi za kale, za dakika kumi kumi, zilizotengenezwa sinema ilipoanza tu kutoa sauti: vichekesho vya kuimba na kucheza. Mwendesha onyesho alieleza kwamba siku hizo kipaza sauti kilifichwa popote, hata kwenye chombo cha maua, na mwimbaji hakuthubutu kukaa mbali nacho.

Taa zikazimwa. Kwenye skrini, mchukuzi wa mizigo na bibi mmoja tajiri wakaanza kuimbiana mapenzi, lakini wote wawili wameyainamia maua. Bibi akihama, mchukuzi anambebea chombo. Kerubo alijikaza, akashindwa. Akacheka mpaka kofia ikamteleza.

Wakati wa mapumziko msimamizi wake, Douglas, Mkenya mwenzake, akamwita pembeni.

"Umewekwa hapa kulinda, si kuburudika. Andika barua ya kuomba radhi."

"Kuna mgeni aliyelalamika, bosi?"

"Hakuna. Lakini mlinzi hacheki kazini."

Kerubo akaandika: *Nilicheka kwa sababu filamu ilichekesha. Hakuna aliyeingia bila tiketi.* Akatia sahihi.

Douglas akaisoma mara mbili. "Mbona sioni samahani hapa?"

"Ningeiba, ningeomba."

Kesho yake akahamishiwa geti la nyuma, kwenye malori ya mboga, juani. Miriam, Mganda aliyeishi naye chumba kimoja kule Umm Salal, akamsihi aandike yaishe.

"Maneno mawili tu, dada."

"Nikiyaandika leo, kesho wataniambia nisitabasamu."

Siku yake ya mapumziko alivaa gauni la kanisani, akapanda treni ya metro hadi ukumbini, akanunua tiketi ya onyesho kama mgeni yeyote. Douglas mwenyewe ndiye aliyekuwa mlangoni. Aliikodolea macho tiketi ile, akaichana, akampisha.

Kerubo akakaa safu ya mbele. Filamu ya siku hiyo haikuwa nzuri sana. Dansi nyingi, utani haba. Ila alipotokea polisi mnene anayeimba huku amekwama dirishani, alicheka kwa sauti yake yote, hakuziba mdomo. Mama wa Kiqatari aliyekaa kando yake akamgeukia, kisha naye akaangua kicheko.

Jumamosi alirudi kwenye malori. Barua ya kuomba radhi hakuiandika, na Douglas hakumwomba tena.