Mwanga wa Shavu la Expedita

"Zimeni hiyo taa," Zuleide alisema tena, kamera begani, jasho likimwingia machoni.

"Haizimwi," Everaldo, msimamizi wa kazi, akamjibu. "Mheshimiwa Katibu wa Maji anataka uso wake ung'ae. Na mbingu iwe ya buluu, dada. Leo usituletee yale majua yako."

Majua yake! Si ndiyo yaliyompa jina? Alianza kwa kubeba masanduku ya lenzi katika nyika hiihii kame ya Sertão. Alipokabidhiwa kamera akaiacha stendi garini, akapiga huku akitembea, bila taa, mbingu nyeupe pee mpaka watazamaji wakafinya macho. Filamu zake zilizunguka dunia. Kisha serikali ikafunga mfuko wa fedha za filamu, simu ikanyamaza, na leo, mvi kichwani, anapiga tangazo la bomba la maji. Akiliharibu hili, hakuna atakayemwita tena.

Na bomba lenyewe uongo mtupu. Nyuma ya kanisa lilifichwa boza la maji, mpira wake umepitishwa kwenye kivuli cha ukuta, mahali ambapo kamera ingeona giza tu.

Wanakijiji walipangwa na ndoo zao kwenye kivuli hichohicho, Katibu akasimama juani. Mbele yao alikuwa Mama Expedita, mweusi tii, ndani ya gauni lake la misa.

"Binti," alinong'ona, "nitaonekana kweli? Kwenye picha za hawa watu mimi hutoka meno tu."

Zuleide alicheka, kisha kicheko kikamkauka. Mama alisema kweli. Everaldo alikuwa amepima mwanga kwenye uso wa Katibu, mweupe, na kwa kipimo hicho Expedita angezama gizani. Zuleide akaichukua mita ya mwanga, akaiweka kwenye shavu la yule mama. Akafungua lenzi ili mwanga mwingi uingie.

"Haya, twende!"

Maji yakaruka, makofi yakapigwa. Kwenye skrini ya Everaldo, Katibu alikuwa shati tupu lisilo na kichwa, uso umemezwa na mwanga. Expedita alionekana kila kunyanzi. Nyuma yake mpira wa boza ulionekana wote, hadi kwenye bomba.

"Una wazimu? Funga lenzi!"

"Nimepima vizuri."

"Umempima nani?"

"Mwenye kiu."

Everaldo akamnyang'anya kamera, akampa msaidizi wake. "Kakae garini. Na kazi kwangu usahau." Bega la Zuleide likawa jepesi ghafla, akatamani kulia kwa hasira.

"Tunarudia! Mama, rudi hapo!"

Expedita alikuwa ameshachungulia skrini. "Mimi nimeshaonekana, baba. Na hiyo picha nimeipenda." Akajitwika ndoo yake iliyojaa, akaenda zake.

Everaldo akaangaza macho kwa wanawake waliobaki. Akamvuta mbele aliyekuwa mweupe kuliko wote, akampa ndoo, akamsogezea taa.