Ng'ombe wa Buluu

Mjukuu wangu Ifrah alitengeneza filamu ya rangi tupu, haina mtu wala neno. Akatundika shuka yangu nyeupe ukutani hapa Garsen, akamwomba babu yake Galma aitazame hadi mwisho, maana majirani wote walikuwa wameinuka wakaenda zao.

Nyekundu ya udongo ikapita polepole. Galma, mfugaji tangu utotoni, akasogeza kigoda.

“Huyu amenenepa.”

Ikaja nyeusi yenye madoa meupe.

“Huyu ana mimba.”

“Babu, ni rangi tu!”

“Sogea, mama, unanizibia.”

Mara shuka nzima ikawa buluu. Galma akasimama na fimbo.

“Huyu si wetu!”

Ifrah, machozi karibu kumtoka, akataka kuzima. Babu akamshika mkono.

“Wacha! Tuone anaingia boma la nani.”