Udongo Usiotaka Kukaa Chini

Mwenye makosa ni udongo, lakini udongo hauna masikio, basi wakanilaumu mimi.

Huku kwetu Quionga mwanamume husimamisha miti na kuezeka makuti, kisha hukaa pembeni akijisifu. Kukandika ni kazi ya wanawake. Mwaka huu kuta zangu zilipopasuka, tuliacha udongo wetu wa bondeni, tukaenda kuchota ule wa kijivu kwenye shimo la watu wa mradi, karibu na mikoko. Mashine zao zilichimba chini sana, zikatoa udongo ambao hata babu zetu hawakuuona, kisha wenyewe wakauacha kama takataka. Beseni moja la udongo wa kawaida linazamisha shingo. Huu, jirani yangu Dulce, mtu wa Mueda, alibeba mabeseni matatu kichwani huku anaimba, na Dulce ana goti bovu.

"Bi Zaida, udongo huu una adabu," akasema.

Wifi yangu Zuleica akadakia, "Mshukuru Mungu, usiuulize kitu. Ukiuuliza utazidi uzito."

Hatukuuliza. Tukakandika ndani na nje, tukala wali wa nazi, kila mtu akaenda kwake. Siku ya tatu udongo ukakauka sawasawa. Mchana kweupe nyumba ikang'oa miti yake kama mtoto anavyong'oka meno, ikapanda mpaka usawa wa kiuno, ikatulia hapo. Kuku wakapita chini yake kutafuta mchwa.

Nikaifunga kwenye mnazi kwa kamba ndefu ya nanga. Nikaingiza mitungi sita ya maji, kinu, jiwe la kusagia msiro wa kupaka usoni, na Zuleica. Ikashuka taratibu.

"Kwa hiyo mimi ni mtungi?" Zuleica akauliza.

"Wewe ni miwili, wifi."

Tulicheka, lakini mimi nilikaza fundo la kamba mara ya pili. Serikali walikuwa wanaandikisha nyumba za kandokando ya barabara mpya. Iliyoandikwa itabaki. Isiyoandikwa itabomolewa kama banda la mbuzi. Nimezaa watoto watano katika nyumba hii, na marehemu mume wangu alitolewa kwa mlango wake huu. Sina nyingine.

Alhamisi akaja Senhor Abílio, técnico, mpimaji wa serikali kutoka Palma, na utepe wa kupimia, muhuri, na viatu vinavyong'aa. Akainama, akaona nyumba imegusa ardhi, akaridhika. Kisha akasema:

"Mamã, vyombo vyote nje. Na watu pia. Nyumba hupimwa tupu."

"Mwanangu, hii haipendi kuwa tupu."

"Mamã, mimi ndiye técnico."

"Itaruka."

"Nyumba hairuki. Kanuni inasema nyumba ni kitu kilichoshika ardhi. Kikiruka ni ndege, na ndege si idara yangu."

Tukatoa mitungi. Tukatoa kinu, vitanda na masanduku. Dulce akatoka na jiwe la msiro. Zuleica akatoka mwisho, kwa madaha, huku ananikonyeza. Senhor Abílio akabaki ndani peke yake, mwembamba kama ufito, akaanza kupima na kuhesabu kwa sauti. Alipofika pembe ya pili, sauti yake ilikuwa usawa wa madafu.

Akachungulia mlangoni. Utepe ukamponyoka.

"Mamã! Nishushe!"

"Mimi? Ndege si idara yangu."

"Mamã, nina watoto!"

"Na mimi ninao watano, wote wamezaliwa hapo uliposimama. Iandike nyumba, tukuvute."

"Siwezi! Fomu inauliza kama imeshika ardhi. Nikijibu ndiyo, nimesema uongo. Nitafukuzwa kazi!"

Hapo, kusema kweli, nilimheshimu kidogo. Wapo wa ofisini wenye miguu yote miwili ardhini, na wanasaini uongo bila kuona kizunguzungu.

Dulce akaita, "Kwani fomu haina mahali pa maelezo?"

"Pana mistari miwili!"

"Basi andika ulichokiona!"

Upepo ukaisukuma nyumba, kamba ikalia, na Senhor Abílio akaukumbatia mwimo wa mlango kama anauaga. Kisha tukamwona anaandika juu ya goti. Muhuri ukagonga. Karatasi ikashuka ikiyumbayumba, Zuleica akaidaka, akavaa miwani, akasoma:

"Nimeingia kwa miguu yangu. Nimepima pande mbili. Nimeshindwa kutoka. Kwa maoni ya kitaalamu, hii ni nyumba."

"Muhuri unaonekana vizuri?" nikauliza.

"Unaonekana."

"Jina langu?"

"Lipo."

"Na tarehe?"

Zuleica akaisogeza karatasi machoni. "Ameandika ya jana, wifi."

Tarehe mbovu hubomoa nyumba upesi kuliko tingatinga. Nikainua uso.

"Senhor Abílio, mwanangu! Umekosea tarehe! Usijali, hatuna haraka!"

Dulce alikuwa ameshaokota kijiwe cha kuifungia karatasi, amrushie huko juu aisahihishe.