Mshonaji Atangulie

Zrrrp… zipu ya hema, ya nani tena alfajiri hii, ya mshonaji bila shaka, yule mama mstaafu anayepanda mlima kwa mara ya kwanza kwa magoti yanayolia kama bawaba kavu, amelala vibaya, atakuwa na hasira, wote watakuwa na hasira, na yeye, mwongozaji wao, amekaa gizani humu hemani mwake kiatu kimoja mguuni, kingine mkononi, akingoja hukumu, kwa kuwa kundi hili ni lake la kwanza kuliongoza, wakilalamika mjomba atalichukua mwenyewe, na ni yeye aliyeamua mshonaji atangulie, mwenye mwendo wa pole mbele, wenye mbio nyuma yake, mjomba, aliyemfunza kazi, akatikisa kichwa, "Mpishi, utawaudhi watu," Mpishi, ndivyo amwitavyo tangu enzi za kubeba masufuria, cheti cha uongozaji anacho, jina la kiongozi hajapewa… na kweli kilele hawakukifikia, mawingu yaliwawahi, akawageuza, yule kijana wa benki akapiga mawe mateke, kilele kile pale, unakiona kama pua yako… lakini mbona wanacheka huko nje? "Mama, ulituburuta kama mabehewa!" ni wa benki huyo, "Na wewe ulivyolia mtoni!" "Sikulia, maji yaliniingia machoni!" "Maji ya magotini, baba?" kicheko, vikombe vinagongana, jiko amewasha nani, mpishi si yuko humu, na sasa mshonaji anasema hajawahi kutangulia popote maishani, nyumbani nyuma ya mume, kazini nyuma ya cherehani, jana kainua macho kaona njia tu, hakuna mgongo wa mtu… hakuna mgongo wa mtu, ee, ndicho hicho basi, wala si kilele, ni ule mto waliouvuka wameshikana mikono, miguu yao wenyewe, woga wao wenyewe, na ni yeye aliyewaachia wavuke wenyewe, kwa akili yake, akapingwa asiyumbe, kifua kinamjaa, anatabasamu peke yake kama mwehu, kiatu bado mkononi, hatoki, asikie kwanza… nyayo nzito, kikohozi cha mjomba, nyayo zinasimama mlangoni pa hema…

"Kiongozi," sauti yake nje ya turubai, "chai inapoa."